Jiko la mkaa la duara kwa kufukizia mbavu: mfuniko mzuri, kipimajoto muongo

Nimekaa na hili jiko miezi minane sasa na nimeshafukiza mbavu juu yake mara kumi na moja, kwa hiyo hii sio ile rivyu ya mtu aliyefungua boksi jana akapiga picha akagawa nyota tano. Ni lile jiko la mkaa la duara, bakuli chini mfuniko juu, miguu mitatu, upana sentimita 57, umbo ambalo ukilichora hata mtoto anajua ni jiko la kuchomea. Umbo lenyewe lina kisa chake, mwaka 1952 jamaa wa Chicago anaitwa George Stephen alikuwa kwenye karakana ya vyuma iliyokuwa inatengeneza maboya ya kuelea majini, akachukua boya akalikata katikati, nusu ikawa jiko nusu ikawa mfuniko, na mpaka leo dunia nzima inamuiga. Langu ni la hao waigaji, jina siliweki maana nina malalamiko nalo na sitaki kesi na mtu.

Boksi limeandikwa kwamba linachoma, linaoka na linafukiza. Kuchoma linachoma sana, hilo wala sina la kusema, weka mkaa washa choma kula. Mi nililinunua kwa ajili ya hiyo ya tatu, yani mbavu zilizolala na viungo usiku kucha halafu zikakaa kwenye moshi masaa matano sita mpaka mfupa unaanza kuchungulia. Na hapo ndo nikagundua kwamba jiko hili tatizo lake sio moto mdogo, ni moto mwingi. Linataka kuwaka bana. Ukilipa hewa kidogo tu linakimbia mpaka digrii 250 na mbavu za kufukiza zinataka kama 110 hadi 130 hivi, kwa hiyo kazi yako siku nzima ni moja tu, kulinyima hewa.

Mara ya kwanza sikujua hayo. Nilijaza mkaa nusu bakuli, nikasubiri uwe mwekundu wote kama nachoma mishkaki, nikasukuma upande mmoja, nikatupia magumi mawili ya vipande vya mti nilivyoviloweka maji (si nilisikia watu wanaloweka), nikaweka mbavu upande wa pili nikafunika nikajiona fundi. Ukatoka moshi mweupe mzito kama kuna mtu anachoma matairi. Nikafurahi kabisa, nikaita watu waje waone. Baada ya saa moja na nusu nafunua, mbavu ni nyeusi, ile sukari ya kwenye viungo imeungua imekuwa lami, na ulimi ulikuwa unakufa ganzi kidogo kila ukilamba. Shemeji yangu alikula kipande kimoja akasema "zina ladha ya safari ndefu", sijamuuliza alimaanisha nini.

Makosa yalikuwa mengi ila kubwa ni hilo la moshi. Moshi mweupe mzito maana yake mti hauungui vizuri, hauna hewa ya kutosha au umelowa, na unaacha ule uchungu juu ya nyama. Moshi unaoutaka ni ule mwembamba wenye rangi ya bluu kwa mbali, unaukaribia ndo unauona, ukiukosa kwa macho utaupata kwa pua. Na hii habari ya kuloweka mti, acha tu, maji hayaingii ndani ya mti kwa usiku mmoja, yanakaa juu juu tu, ukiweka kwenye mkaa kinachotoka kwanza ni mvuke na mti unachelewa kuwaka. Tumia vipande vikavu, vikubwa kama ngumi ya mtoto, vitatu vinne vinatosha kabisa. Mti wa matunda kama tufaha au cheri ni mpole, hikori ni mkali zaidi, mwaloni uko katikati. Msonobari na miti yote yenye utomvu usiguse, na mbao za fenicha zilizopakwa rangi au dawa ndo kabisa, hiyo unafukiza sumu.

Sasa turudi kwa jiko maana naona nimeanza kufundisha.

Kilichonifanya nilisamehe ni mpango wa mkaa ambao watu wanauita nyoka. Unachukua briketi, ule mkaa ulioshindiliwa ukawa vipande vinavyolingana (mkaa wa kawaida wa vipande haukubali vizuri kwa sababu vipande havilingani), unazipanga mbili mbili kuzunguka ukuta wa bakuli kwa ndani, juu yake unapanga zingine mbili mbili, unazunguka karibu robo tatu ya duara, unaacha pengo. Juu ya nyoka unaweka vile vipande vya mti kwa kuachanisha, zaidi upande wa mwanzo maana nyama inashika moshi vizuri ikiwa bado ya baridi na ina unyevu. Kisha unawasha briketi kama kumi pembeni, zikishakuwa na majivu meupe juu unaziweka kichwani mwa nyoka, na moto unatembea wenyewe polepole kutoka kichwa kwenda mkia, briketi moja inaiwasha inayofuata. Katikati unaweka trei ya maji. Hilo bakuli la duara ndo limezaliwa kwa kazi hii, jiko la mstatili la jirani yangu halifanyi hivi vizuri, kona zinamsumbua. Mi nyoka mmoja amenipa masaa sita na nusu bila kuongeza briketi hata moja, nimeanza saa nne asubuhi nikatoa nyama saa kumi jioni na mkia ulikuwa bado unaendelea.

Matundu ya hewa: la chini unaacha robo tu, la juu wazi au nusu, na mfuniko unaugeuza ili tundu la juu liwe upande wa pili wa moto, hapo moshi unalazimika kupita juu ya nyama ndo utoke. Hili nilikuja kulijua mara ya tatu. Kabla ya hapo moshi ulikuwa unapanda moja kwa moja unaondoka zake, nyama inabaki kuoka tu kama iko kwenye oveni.

Haya, malalamiko.

La kwanza ni kipimajoto cha kwenye mfuniko. Kile kitu ni pambo. Siku ya pili kilinionyesha 160, nikaogopa, nikabana hewa, kikashuka 140, nikabana tena, mpaka moto ukataka kufa kabisa na mbavu zikakaa masaa manne ziko ngumu kama soli ya kiatu. Nikakosa raha nikakifungua nati, nikachemsha maji kwenye sufuria nikakitumbukiza ncha. Maji yanachemka na mapovu yake yote, kinasema 121. Maji yanachemka kwa 100, na ukiwa sehemu za juu milimani ni chini ya hapo, hamna namna yanafika 121 kwenye sufuria ya kawaida ya wazi. Na hata kama kingekuwa kinasema ukweli, kimekaa juu kabisa ya kuba ambako hewa ya moto inakusanyika, nyama iko chini kwenye wavu, ni sawa na kupima joto la sakafuni kwa kusimama juu ya ngazi. Nikanunua themometa ya dijitali yenye waya, ncha naibana kwenye wavu pembeni ya nyama, na toka siku hiyo maisha yamebadilika, nasema ukweli kabisa. Kama unanunua jiko la aina hii lolote lile, hesabu na themometa ya pembeni kwenye bajeti yako tangu mwanzo.

La pili, mfuniko wenyewe ni mzito, enameli nzuri, haujatoka kutu hata pale nilipousahau nje kwenye mvua, huo nausifia. Lakini langu halikuwa duara kamili. Kuna upande mfuniko unakaa vizuri na kuna upande unaacha pengo unapitisha kidole kidogo, na hewa ikiingia hapo basi lile tundu la chini unalihangaikia bure, moto unapumua kwa mlango wa nyuma. Nilituma picha kwa waliotengeneza. Wakaniambia niwatumie picha nyingine nikiwa nimeweka rula, nikaweka rula, wakajibu baada ya wiki mbili kwamba huo ndo muundo wake. Muundo! Basi nimekunja foili mara nne nimeipachika kwenye hilo pengo na nimechora alama ya mkaa kwenye ukingo nijue mfuniko unakaa vipi kila siku. Inafanya kazi, ila sio mimi niliyetakiwa kuifanya.

La tatu, wavu hauna vile vipande vya pembeni vya kukunjua. Maana yake ukitaka kuongeza mkaa au kipande cha mti lazima uinue wavu mzima na mbavu zake juu, peke yako, na glavu, huku moshi unakupiga machoni. Kwa mtindo wa nyoka mara nyingi huhitaji kuongeza, ila siku ya upepo unahitaji. Nimeshadondosha upande mmoja wa mbavu kwenye majivu kwa sababu hiyo. Nikaupangusa nikaurudisha, waliokula hawajui mpaka leo, na kama wanasoma hapa samahanini.

Na ile sahani ya kukusanya majivu chini ni ya wazi, upepo ukipita kila mtu anapata majivu yake. Mkono wa tundu la chini nao mafuta yakidondoka yanaganda pamoja na majivu unakwama, kila baada ya mara mbili tatu inabidi uukwangue. Hayo ni madogo.

Sasa viungo, maana rivyu ya jiko bila kusema nilipika nini haina maana. Mbavu ninazotumia mara nyingi ni za nguruwe, zile ndefu za upande wa tumbo, kwa asiyekula basi za ng'ombe zinafaa ila zinataka muda zaidi, masaa manane sio ajabu. Cha kwanza kabisa kabla ya chochote ni ule utando wa ndani upande wa mfupa. Unaingiza mpini wa kijiko chini yake kwenye mfupa wa pili au wa tatu, ukishainuka unaushika kwa karatasi ya jikoni usiteleze, unavuta. Ukiwa na bahati unatoka wote kwa mkupuo mmoja na una sauti yake, kama kubandua stika. Ukiuacha, viungo havipiti upande huo na ukila unatafuna plastiki.

Kulowekea mi natumia chumvi, sosi ya soya, kitunguu saumu, tangawizi, pilipili manga, paprika, mafuta kidogo, siki vijiko viwili tu na sukari kidogo sana. Ndani ya friji, kwenye mfuko, usiku mzima. Watu wanaamini viungo vinaingia mpaka kwenye mfupa, haviingii, karibu vyote vinabaki juu juu, milimita chache, chumvi ndo inayotembea ndani zaidi. Ila mbavu ni nyembamba kwa hiyo hata hizo milimita chache ni sehemu kubwa ya nyama, ndo maana mbavu zinapenda kulowekwa kuliko paja zima. Siki na ndimu usizidishe ukilaza usiku kucha, nyama ya juu inalegea inakuwa kama unga, nimefanya hivyo mara moja nikitaka ladha ya uchachu na haikuwa nyama tena. Na kabla ya kuweka kwenye wavu pangusa vipande vyote vya saumu na tangawizi, masaa matano kwenye moto vinaungua vinakuwa vichungu. Ile supu iliyobaki kwenye mfuko usiipake kwenye nyama iliyoiva, imelala na nyama mbichi hiyo, ichemshe kwanza kabisa au mwaga.

Sukari ukikaa kwenye 120 haina shida, inaanza kuungua huko juu kwenye 160 na kwenda mbele, ndo maana mara ya kwanza ilinigeuka na sasa hivi sukari ile ile kiasi kile kile inanipa rangi ya mahogani. Viungo vilikuwa havina kosa, jiko ndo lilikuwa limepewa hewa.

Kuna ule utaratibu wa tatu mbili moja, masaa matatu kwenye moshi wazi, mawili umefunga na foili, la mwisho unafungua unapaka sosi. Nimeujaribu mara nne. Kwa hizi mbavu ndefu unaenda, ila yale masaa mawili ya foili kwangu ni mengi, nyama inatoka mfupani yenyewe ukiinua na koleo, na watu wengi wanaipenda hivyo, nyumbani kwangu nimezidiwa kura. Marekani kwenye mashindano ya mbavu nyama inayoanguka yenyewe inahesabiwa imepitiliza, inatakiwa ung'ate itoke pale ulipong'ata tu na alama ya meno ibaki. Mi nafunga saa moja tu. Kwa zile fupi za mgongoni hata saa moja ni nyingi.

Utajuaje zimeiva? Themometa kwenye mbavu inasumbua kwa sababu mfupa uko karibu kila mahali, ila ukipata katikati ya nyama nene ni karibu 90 hadi 95, sio kwamba kabla ya hapo ni mbichi, kwa usalama zimeiva muda mrefu, ila zile nyuzi ngumu zinahitaji muda na joto ndo ziyeyuke ziwe ule ute unaonata mdomoni. Mi nainua upande mmoja na koleo, ukijikunja chini na nyama ya juu ikaanza kupasuka, tayari. Halafu angalia ncha za mifupa, nyama imejivuta nyuma imeacha mfupa kama nusu sentimita au zaidi.

Na usishtuke ukikata ukaona pete ya pinki chini ya ganda la juu. Mara ya tano nilikuwa na wageni, baba mmoja mtu mzima akaweka sahani chini taratibu akaniita pembeni, "Mwanangu, hizi hazijaiva." Nilimuonyesha mfupa unavyotoka wenyewe hakuamini. Ile pinki ni gesi za kwenye moshi zinashikana na mayoglobini, ile rangi nyekundu ya nyama, haibadiliki kuwa kahawia hata ukipika mpaka kesho. Alikula mwishoni, vipande vitano, ila aliendelea kunitazama.

Kufunua funua mfuniko ndo ugonjwa wa kila mtu anayenitembelea. Kila ukifunua joto linaondoka na inachukua dakika kumi na zaidi kurudi, halafu kibaya zaidi mkaa umepata hewa safi kwa hiyo ukishafunika linaruka juu ya pale lilipokuwa. Siku hizi nafunua mara ya kwanza baada ya masaa mawili na nusu, kabla ya hapo anayetaka kuona aangalie moshi.

Jambo moja la usalama maana nimeona mtu anataka kulifanya kwa macho yangu: mvua ilianza tukiwa katikati ya kazi, jirani akashauri tulivute jiko ndani ya gereji mlango tuache nusu. Hapana. Mkaa unatoa kaboni monoksaidi, haina harufu wala haionekani, na hata mkaa unaoonekana umekufa bado unaitoa. Tulisimama na mwavuli mkubwa juu ya jiko kwa zamu, tulilowa, mbavu hazikulowa.

Kuzima ni rahisi na hapa nalisifia tena, funga juu funga chini, moto unakufa kwa kukosa hewa na briketi ambazo hazijaungua unazitumia wiki ijayo. Kwa lile pengo la mfuniko langu linachelewa kidogo, ila linakufa.

Je ningelinunua tena? Umbo hili ndio, hili hili la hawa watu hapana, ningetafuta lenye wavu wa kukunjua na kopo la majivu la kufungwa, na ningezungusha mfuniko palepale dukani niuone unavyokaa kabla sijalipa. Kwa mtu anayetaka kuchoma tu nyama za nusu saa lipo vizuri bila shida yoyote. Kwa mbavu za moshi linataka uwe na siku nzima na usiwe mtu wa haraka. Nyota tatu na nusu. Kile kipimajoto nimeshakitoa, tundu lake sasa hivi ndo napitishia waya wa themometa ya kweli, na limeenea utadhani walilitoboa kwa kazi hiyo.